Mdhamini amekata skripti yangu. Rod Serling alifanyaje?

Swali: Shikamoo mwalimu. Ninaandika skripti za tamthilia, nipo Morogoro, huu ni mwaka wa tatu. Hivi karibuni niliandika sehemu kumi kuhusu familia iliyonyang'anywa shamba. Prodyuza aliipenda, lakini mdhamini alipoisoma akasema shamba litoke, ugomvi uwe wa mapenzi. Likatoka. Nikiiangalia kazi hiyo sasa siitambui. Rafiki yangu ameniambia kwamba Rod Serling, mwandishi wa televisheni wa Marekani, alipatwa na hayohayo miaka ya 1950, akakimbilia hadithi za anga na mizimu, na huko akasema yote aliyotaka kusema. Je, ni kweli? Alishinda au alikimbia? Na aliwezaje kuandikia televisheni na sinema pia, akaishi kwa kalamu yake?

Jibu: Marahaba, binti yangu, na pole sana. Kuona shamba linatolewa kwenye hadithi ya shamba ni msiba, na sitakuambia uzoee. Rafiki yako amekupa nusu ya habari. Serling alikatwa kweli, na kweli alihamia kwenye fumbo. Lakini alipohamia kwenye fumbo alifanya na jambo la pili ambalo wasimulizi wengi hulisahau: alianzisha kampuni yake na kukalia kiti cha mtayarishaji. Miaka michache baadaye akakiuza kiti hicho, na yaliyompata baada ya hapo ndiyo ninayotaka uyajue kabla hujasaini mkataba mwingine.

Alizaliwa Syracuse, jimbo la New York, tarehe 25 Desemba 1924, akakulia Binghamton, mji mdogo ambako baba yake alikuwa na duka. Alimaliza sekondari mwaka 1943, akaingia jeshini, akawa askari wa miavuli na kupelekwa Ufilipino. Huko Leyte aliona rafiki yake akifa mbele yake, na hakufa kwa risasi. Aliuawa na sanduku la chakula lililodondoshwa na ndege ya jeshi lao wenyewe. Hilo likae kichwani mwako, kwa sababu kifo cha kipuuzi kinachotoka angani utakikuta tena na tena katika hadithi zake. Jeshini alipigana ngumi pia, uzito mdogo kabisa, akavunjwa pua. Alirudi na majeraha, na ndoto mbaya zilizomfuata maisha yake yote.

Alisoma Antioch College, Ohio, kwa fedha ambazo serikali iliwalipia askari waliorudi vitani. Kwa kuwa alikwishaoa na senti hazikutosha, aliruka na miavuli mipya kuijaribu, dola 50 kwa mruko mmoja. Kisha akaajiriwa redioni Cincinnati: mchana anaandika matangazo na vipindi vya kituo, usiku anaandika michezo yake mwenyewe na kuituma New York. Mingi ilirudishwa. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 aliacha mshahara, akabaki na kalamu na mke wake Carol, aliyekubali kuishi hivyo. Sehemu hii naipita haraka, kwa sababu unaifahamu tayari, unaiishi.

Ili uione hali aliyoingia, futa akilini televisheni unayoijua. Siku hizo tamthilia za Marekani zilirushwa mubashara kutoka studio za New York. Waigizaji walifanya mazoezi siku kadhaa, kisha jioni yenyewe taa nyekundu inawaka na hakuna kurudia. Mwigizaji akimaliza onyesho la sebuleni anakimbia nyuma ya pazia, anavuliwa koti huku anavalishwa jingine, anatokea ofisini bado anahema, na kamera inamsubiri. Farasi wanaokimbizana hawaingii studio, kwa hiyo mchezo ulibebwa na watu wawili watatu na maneno yao. Sisi tuliokulia kwenye michezo ya redio hatuhitaji kuelezwa hilo: pasipo na mandhari, neno ndilo mandhari.

Ndiyo maana mwandishi alikuwa mkubwa pale. Jina lake lilitangazwa, na asubuhi yake wahakiki wa magazeti waliandika habari zake. Hollywood wakati huohuo iliwatumia waandishi kama mafundi wa zamu: mmoja anakata, wa pili anafumua, wa tatu anashona upya, na wa kwanza hajui vazi limeishia wapi. Hapo pia ndipo lilipo jibu la swali lako kuhusu sinema. Wengi wa waandishi hawa huru waliuza haki ya kurusha mchezo tu, haki ya kuufanya filamu ikabaki mikononi mwao. Paddy Chayefsky alirushiwa Marty tarehe 24 Mei 1953, habari ya muuza nyama wa Bronx aliyekata tamaa ya kupata mke. Mwaka 1955 ikawa filamu, na filamu hiyo ikachukua Oscar ya filamu bora na ya skripti. Reginald Rose alirushiwa Twelve Angry Men Septemba 1954, na kufikia 1957 iko kwenye majumba ya sinema. Televisheni ilikuwa jukwaa la kuonyesha kitu kikiwa hai kabla mtu wa sinema hajaweka fedha.

Serling alipita mlango huohuo. Tarehe 12 Januari 1955 ilirushwa Patterns, mchezo kuhusu kijana anayeitwa kwenye kampuni kubwa ya New York bila kujua kwamba ameletwa kumrithi mzee ambaye bosi anamvunja moyo taratibu ili ajiuzulu mwenyewe. Serling alisimulia baadaye kwamba simu yake ilianza kulia dakika moja baada ya mchezo kuisha na haikuacha tena. Watazamaji waliutaka mchezo huo kiasi kwamba tarehe 9 Februari waigizaji walirudi studio wakaucheza upya, mubashara, neno kwa neno. Halikuwa jambo la kawaida kabisa. Mwaka uliofuata ukawa filamu, naye ndiye aliyeandika skripti yake. Usiku Patterns iliporushwa alikuwa na miaka 30.

Hapo alifanya kosa ambalo nakusihi usilifanye siku simu yako itakapoanza kulia. Alifungua droo, akatoa michezo ya zamani iliyokwisha kukataliwa, akaiuza kwa sababu sasa kila mtu alitaka kitu chenye jina lake. Mingine ilikuwa dhaifu, wahakiki wakaona, na yeye mwenyewe alikiri.

Kilichomrudishia heshima ni Requiem for a Heavyweight, iliyorushwa tarehe 11 Oktoba 1956 katika Playhouse 90, kipindi cha michezo cha kituo cha televisheni cha CBS, dakika 90 mubashara. Ni habari ya bondia aliyekwisha, uso umevimba kwa vipigo vya miaka mingi, daktari amemkataza kupigana, na hajui kazi nyingine. Jack Palance alimcheza bondia. Mzee wa kona, anayemfunga vidonda, alichezwa na Ed Wynn, mchekeshaji wa siku nyingi ambaye hakuwahi kucheza kitu kizito. Kwenye mazoezi Wynn alisahau maneno, akachanganya, akarudia vichekesho vyake vya zamani. Mwanawe Keenan, aliyekuwa ndani ya mchezo huohuo, alitaabika kumwona baba yake anazama. Mwigizaji mwingine alijifunza nafasi ile kisirisiri, akawekwa tayari. Usiku ule mzee alisimama mbele ya kamera na kucheza vizuri kuliko alivyocheza siku zote za mazoezi. Nimeitazama rekodi mara nyingi, iliyopigwa kwa kuelekeza kamera ya filamu kwenye kioo cha televisheni, picha imefifia kama inatazamwa kupitia chandarua, na bado uso wa yule mzee unanishika koo. Mchezo huo ulimpa Serling tuzo ya televisheni ya Emmy, ya pili mfululizo, na tuzo ya Peabody.

Sasa tuje kwa mdhamini. Usimfananishe na mtu wa leo anayenunua sekunde 30 za tangazo. Yule alinunua saa nzima, na mara nyingi jina lake ndilo lililokuwa jina la kipindi: jibini, chuma, redio, matairi. Watu wake walisoma skripti kabla ya mwongozaji hajaanza mazoezi. Ndani ya hiyo Requiem mhusika alipaswa kumwomba mwenzake kiberiti. Sentensi ikatolewa, kwa kuwa mmoja wa wadhamini alikuwa anauza viberiti vya chuma vya kujaza mafuta, naye hakutaka njiti zitajwe. Mwaka 1959 Playhouse 90 ilirusha Judgment at Nuremberg ya Abby Mann, kuhusu mahakimu waliomtumikia Hitler. Miongoni mwa wadhamini kilikuwamo chama cha wafanyabiashara wa gesi. Neno gesi, likitajwa kwa habari ya vyumba walimouawa Wayahudi, lilizimwa sauti. Mwigizaji anatamka, midomo inacheza, na mtazamaji hasikii kitu.

Hayo ni ya kukera. Lililomuumiza Serling hasa linafanana na shamba lako.

Agosti 1955 mvulana mweusi wa miaka 14 kutoka Chicago, Emmett Till, alikwenda Mississippi, jimbo la Kusini mwa Marekani, kuwatembelea ndugu zake. Wazungu walimtoa kitandani usiku, wakamtesa, wakamuua. Mama yake aliamuru jeneza liachwe wazi ili dunia ione. Washitakiwa wawili walifikishwa mbele ya baraza la wazee wa mahakama, wote wanaume, wote wazungu, na kwa muda wa kama saa moja wakaachiwa huru. Miezi michache baadaye walilipwa na gazeti, wakasimulia wenyewe walivyomuua.

Serling aliona lazima aandike. Alijua mdhamini hatakubali mtu mweusi auawe na wazungu kwenye kioo, kwa hiyo alianza kurudi nyuma kabla hajaulizwa: marehemu akamfanya mzee Myahudi mwenye duka la rehani. Mwandishi wa habari akamuuliza kama hii ni kesi ya Till, naye hakukana. Habari ilipotoka, vyama vya wazungu wabaguzi vya Kusini vikaimiminia kampuni ya mdhamini barua na telegramu za vitisho. Hapo mikasi ikaanza. Marehemu akawa mgeni asiye na kabila wala nchi. Mji ukahamishwa kutoka Kusini ukapelekwa New England, pembe nyingine kabisa ya Marekani. Chupa za Coca-Cola zikaondolewa mezani, kwa sababu zingeweza kumkumbusha mtazamaji Kusini. Muuaji akalainishwa, akawa kijana mwema aliyeteleza siku moja. Mchezo huo, Noon on Doomsday, ukarushwa tarehe 25 Aprili 1956, na ndani yake Emmett Till hakubaki hata kivuli.

Hakukata tamaa. Alirudi na kisa hichohicho mwaka 1958, katika mchezo wa A Town Has Turned to Dust ulioongozwa na John Frankenheimer. Safari hii walimruhusu mauaji ya kundi, ila marehemu awe kijana wa Kimeksiko na mambo yote yatokee karne moja nyuma, kusini-magharibi. Serling alisema kwamba mchezo ulipofika mbele ya kamera, skripti yake nayo ilikuwa imegeuka vumbi. Na hakuwa peke yake. Reginald Rose alikwisha kuandika juu ya mtaa unaotaka kumfukuza jirani mpya, familia ya watu weusi. Akalazimishwa kumfanya jirani awe mfungwa aliyemaliza kifungo. Rose alifanya ujanja mmoja ninaoupenda mno: alimficha mtazamaji kosa la jirani huyo hadi karibu na mwisho, hivyo kwa muda mrefu kila aliyetazama alimweka pale mtu ambaye yeye mwenyewe anamwogopa.

Hapo ndipo linapoingia fumbo, na hapo nataka unielewe vizuri. Sisi kwetu si jambo geni. Fumbo mfumbie mjinga, mwerevu huling'amua. Shaaban Robert alitoa Kusadikika mwaka 1951, chini ya utawala wa Mwingereza, nchi inayoelea hewani yenye mashtaka na majumbe wanaofungwa kwa kuleta habari njema, na msomaji wake alijua vizuri ardhi gani inasemwa. Serling aliifikia njia hiyo kwa uchungu. Mwaka 1956 aliandika mchezo kuhusu Baraza la Seneti, akakatazwa maseneta wake wasijadili jambo lolote lililojadiliwa kweli na maseneta. Akasema afadhali angeuweka mwaka 2057 na kulijaza baraza maroboti. Labda ungebaki na maana.

The Twilight Zone, mfululizo wake wa hadithi za anga na mizimu, ulianza kurushwa CBS tarehe 2 Oktoba 1959. Siku kumi kabla alihojiwa na mwandishi wa habari Mike Wallace kwenye televisheni, na mahojiano hayo yamehifadhiwa, yatafute. Utamwona ana miaka 34, sigara mkononi, anasema kwamba amechoka kupigana na wadhamini, kwamba kipindi kipya ni burudani ya nusu saa na hakitagusa mambo makubwa. Alisimulia pia kwamba katika skripti 18 walizokwisha kutengeneza amebadilishiwa mstari mmoja tu: kwenye meli ya Waingereza baharia asiagize chai, kwa kuwa mdhamini anauza kahawa. Ukisikiliza hapo tu utasema amekimbia. Na sidhani kwamba alikuwa anadanganya. Nadhani alikuwa amechoka kweli. Lakini tarehe 4 Machi 1960 ikarushwa The Monsters Are Due on Maple Street.

Itazame na kalamu mkononi. Jioni ya kiangazi, mtaa wa kawaida, mtu anaosha gari, watoto wananunua aiskrimu. Kitu kinapita angani. Umeme unakatika, simu zimekufa, magari hayawaki. Mtoto mmoja aliyezoea kusoma vitabu vya hadithi anasema wavamizi hutanguliza watu wao, familia inayofanana na wengine. Watu wanacheka. Kisha gari la jirani mmoja linawaka lenyewe, na kicheko kinakatika. Kwa nini la kwake tu? Mwanamke anakumbuka kwamba huyo jirani husimama nje usiku akitazama nyota. Jirani mwenyewe anasema hawezi kulala, ndiyo sababu, hakuna anayemsikiliza. Dakika chache baadaye mtu anakuja gizani kutoka mtaa wa pili, anapigwa risasi, na akilazwa chali wanagundua ni jirani yao aliyekwenda kuangalia kama kwingine umeme upo. Marekani ilikuwa imetoka miaka michache tu kwenye msako wa Wakomunisti, watu walifukuzwa kazi kwa kutajwa na majirani. Hakuna neno Ukomunisti mle ndani. Hakuna chama, hakuna rangi, hakuna jimbo. Na hakuna mtu mzima aliyetazama usiku ule asijue.

Mwezi uliofuata alirusha The Big Tall Wish, hadithi ya bondia na mtoto anayemwombea, karibu waigizaji wote wakiwa weusi, wakicheza watu wa kawaida wenye nyumba, majirani na huzuni zao. Mwaka 1956 asingeweza. Lakini sema kweli: hata hapo hakuandika habari ya Till. Fumbo lilimpa mengi, halikumpa yote. Msiba wa mtoto yule, kwa jina lake na mji wake, haukuwahi kuonyeshwa kama alivyotaka. Ukiniuliza mimi, hiyo ndiyo sababu siwezi kutamka neno ushindi bila kusita.

Na ndipo linakuja jambo la pili nililokuahidi. Mizimu na vyombo vya anga peke yake visingemlinda. Kilichomlinda ni kwamba kipindi kilitengenezwa na kampuni yake, Cayuga Productions, aliyoipa jina la ziwa ambako familia yake ilipumzika. Yeye ndiye aliyechagua waandishi wengine, akina Richard Matheson na Charles Beaumont. Mtu wa matangazo alipokuja na kalamu nyekundu, alimkuta mwandishi mezani, na mwandishi ndiye mwenye kazi. Kati ya vipindi 156 vilivyorushwa hadi Juni 1964, Serling aliandika 92. Aliviandika kwa mdomo: aliongea kwenye mashine ya kurekodi, akicheza wahusika wote kwa sauti, katibu akachapa. Ndiyo maana mazungumzo yake yanasikika mdomoni. Ndiyo maana pia, misimu ya mwisho, unasikia mhusika anaacha kuwa mtu na kuanza kuhubiri. Hakukuwa na saa za kupumzika wala za kufuta. Nampenda sana, lakini vipindi kadhaa vya mwaka 1963 na 1964 ni vya mtu aliyechoka.

Mfululizo ulipofungwa aliiuzia CBS sehemu yake. Aliamini gharama za utengenezaji zisingerudi kamwe. Vipindi vile vikarudiwa miaka na miaka, mji kwa mji, nchi kwa nchi, na bado vinarudiwa. Fedha hizo hazikuwa zake tena.

Alirudi kwenye sinema, na humo aliandika vitu vikubwa. Seven Days in May ya mwaka 1964, kuhusu majenerali wa Marekani wanaopanga kumpindua rais, ni yake, kutoka kwenye riwaya. Planet of the Apes ya mwaka 1968, kuhusu sayari inayotawaliwa na nyani, ina majina mawili, lake na la Michael Wilson. Serling aliandika rasimu nyingi mno. Jiji la kisasa la nyani aliloliwaza lingekula fedha zote, likabadilishwa kuwa kijiji cha mawe. Ile Sanamu ya Uhuru ya New York iliyozama mchangani mwishoni haimo katika riwaya ya Mfaransa Pierre Boulle iliyozaa filamu hiyo, lakini katika rasimu za Serling imo. Wilson aliandika upya mazungumzo mengi. Na huyu Wilson alikuwa na kidonda chake: alipigwa marufuku Hollywood kwa tuhuma za Ukomunisti, na filamu ya The Bridge on the River Kwai, aliyoiandika kisiri pamoja na Carl Foreman, ilipata Oscar ya skripti ikapewa Boulle huyohuyo, mwenye riwaya yake, ambaye hakuandika kwa Kiingereza. Haki yao ilirudishwa miaka ya 1980, wote wawili wakiwa marehemu. Unaona basi, waliokutana kwenye skripti ya nyani ni watu wawili waliokwisha kunyang'anywa.

Mwaka 1970 kituo cha televisheni cha NBC kilianza Night Gallery, mfululizo wa hadithi za kutisha. Watu walimwona Serling anatembea kati ya picha za kutisha akitambulisha hadithi, wakadhani ni kipindi chake. Haikuwa hivyo. Mtayarishaji alikuwa Jack Laird, na mkataba haukumpa Serling kauli ya mwisho. Skripti zake zilikataliwa au kubadilishwa kwenye kipindi kinachonadiwa kwa uso wake. Alilalamika waziwazi, na haikusaidia, maana karatasi ilikuwa imekwisha sainiwa. Hata humo aliweza kupenyeza moja ya kazi zake bora, ya Januari 1971, kuhusu muuzaji wa makamo aliyetumikia kampuni moja miaka 25, anayetazama baa ya ujana wake ikibomolewa. Ni yule mzee wa Patterns amerudi, miaka 16 baadaye, na safari hii mwandishi alikuwa na umri wa kumwelewa. Alifundisha uandishi Ithaca College, karibu na ziwa lake, hadi mwisho. Alifariki tarehe 28 Juni 1975, baada ya upasuaji wa moyo. Miaka 50 tu.

Kuhusu shamba lako. Sikukatazi fumbo, una kipaji cha kuliandika. Lakini kabla ya kuhamishia familia ile kwenye sayari nyingine, nenda kwa mwanasheria na mkataba ulionao, umuulize mambo matatu: nani ana kauli ya mwisho juu ya skripti, haki ya kuifanya filamu au kitabu imebaki kwa nani, na kama unaweza kuondoa jina lako kazi ikiharibiwa. Hilo la jina lina uzito. Chayefsky, mwenye Oscar tatu, alipokosana na mwongozaji wa filamu yake ya mwisho mwaka 1980, aliondoa jina alilojulikana nalo, akaacha Sidney Aaron, majina yake mawili ya kuzaliwa.

Kisha tafuta Requiem zote mbili, ya televisheni ya 1956 na ya sinema ya 1962, ambayo aliiandika Serling mwenyewe bila mdhamini wa saa nzima begani. Ya sinema inaanza kwa ngumi zinazokuja usoni mwako, kamera ikiwa ndiyo macho ya bondia, na anayezirusha ni kijana wa miaka 20 aitwaye Cassius Clay, ambaye sisi tulikuja kumjua kwa jina la Muhammad Ali. Katika ya televisheni, bondia anamaliza akiwa kwenye treni ya kurudi kwao, anamfundisha mtoto wa kiti cha jirani namna ya kukunja ngumi. Katika ya sinema anaingia ulingoni kwenye mieleka ya maigizo, amevikwa manyoya ya Mhindi Mwekundu, anapiga kelele watu wamcheke, ili meneja wake aokoke na wadai. Mwandishi mmoja, hadithi moja, miisho miwili. Andika ukurasa mmoja kunieleza upi ndio ukweli wa bondia yule, unitumie pamoja na skripti yako. Nitumie ile ya kwanza, yenye shamba.